Faten Hamama

Faten Hamama (kwa Kiarabu: فاتن حمامة, 27 Mei 1931 – 17 Januari 2015) alikuwa mwigizaji wa filamu na televisheni kutoka nchini Misri. Alisimama mbele ya kamera kwa mara ya kwanza akiwa na umri wa miaka minane, na tamthilia yake ya mwisho ilionyeshwa mwaka 2000. Katika kipindi hicho cha miaka sitini hivi aliigiza filamu karibu mia moja. Waarabu walimpa jina la heshima la Sayyidat al-Shasha al-Arabiyya, maana yake Bibi wa Skrini ya Kiarabu.

Waigizaji wengi wa kike wa zama zake walivuma kwa muda mfupi, kisha umri ulipowafikia wakapewa nafasi za mama mkwe na jirani mbeya. Hamama aliendelea kuwa mhusika mkuu hadi uzeeni. Tena, wanawake aliowaigiza walibadilika pamoja naye: msichana yatima anayelia, mtumishi wa ndani anayetaka kulipiza kisasi, kibarua wa shamba, mke anayedai talaka mahakamani, mkuu wa shule. Mtu anayezifuata filamu zake kwa mpangilio wa miaka anapata pia historia ya swali moja lililoisumbua Misri kwa muda mrefu: mwanamke ana haki gani ya kujiamulia maisha yake?

Utoto na filamu ya kwanza

Hati yake ya kuzaliwa inataja mji wa Mansoura, ulioko katika delta ya mto Nile, ingawa mwenyewe alizoea kusema kwamba alizaliwa mtaa wa Abdeen jijini Kairo. Baba yake, Ahmed Hamama, alikuwa karani katika wizara ya elimu, na mama yake alikuwa mama wa nyumbani. Familia haikuwa tajiri wala fukara. Jina la ukoo, hamama, kwa Kiarabu ni njiwa.

Inasimuliwa kwamba akiwa na miaka sita baba yake alimpeleka kutazama filamu ya Assia Dagher, mwigizaji na mtayarishaji aliyekuwa maarufu wakati huo. Watu walipopiga makofi, mtoto alimwambia baba yake kuwa alihisi wanampigia yeye. Baadaye alishinda shindano la watoto wazuri, na baba akatuma picha yake kwa mwongozaji Mohammed Karim, aliyekuwa akitafuta mtoto wa kike wa kuigiza pamoja na mwimbaji Mohammed Abdel Wahab. Filamu hiyo ni Yawm Sa'id (Siku ya Furaha), iliyopigwa mwaka 1939 na kutolewa mwaka 1940. Karim aliona amempata Shirley Temple wa Misri, akimfananisha na mtoto mwigizaji aliyekuwa kipenzi cha Marekani, akafunga mkataba na baba yake.

Nafasi nyingine alizipata mwaka 1944 katika Rasasa fi al-Qalb (Risasi Moyoni), tena akiwa na Abdel Wahab, kisha familia ikahamia Kairo. Mwaka 1946 alijiunga na taasisi ya juu ya uigizaji jijini humo. Jambo hilo lina uzito wake. Wakati huo familia nyingi za Kimisri ziliona uigizaji kuwa kazi isiyomfaa binti wa watu. Binti wa karani wa serikali kuusomea uigizaji darasani, kwa ridhaa ya baba, lilikuwa jambo la watu kulizungumzia.

Msichana wa machozi

Sinema ya Misri ilikuwa imekwisha kukomaa kiasi. Benki ya Misr, chini ya Talaat Harb, ilianzisha Studio Misr mwaka 1935, na baada ya Vita Kuu ya Pili nchi ilikuwa ikitoa filamu hamsini hivi kwa mwaka. Filamu hizo zilisambazwa kuanzia Moroko hadi Iraki, na nyingine zilionyeshwa katika majumba ya sinema ya Zanzibar, ambako muziki wa Kairo ulikuwa umeshaingia katika taarab tangu enzi za masultani. Biashara ilisimama juu ya nguzo mbili, nyimbo na machozi. Mwimbaji aliuza tiketi kwa sauti yake. Asiyeimba ilimlazimu kuliza watu.

Hamama hakuwa mwimbaji. Mwaka 1946 mwigizaji na mwongozaji Youssef Wahbi, aliyekuwa nguli wa jukwaa, alimpa nafasi kubwa katika Malak al-Rahma (Malaika wa Rehema). Alikuwa na miaka kumi na mitano. Zilifuata filamu za namna hiyohiyo, ikiwemo al-Yatimatain (Mayatima Wawili) ya mwaka 1949, iliyoongozwa na Hassan al-Imam. Katika nyingi kati ya hizo yeye ni msichana maskini, mpole, aliyedhulumiwa, anayevumilia mpaka mwisho. Sauti yake laini na macho yake makubwa yalifaa kabisa kwa kazi hiyo, na hatari ilikuwa hapo. Mwigizaji aliyefanikiwa kwa kulia huombwa alie tena mwaka unaofuata.

Msomaji wa Kiswahili atakuwa amegundua kwamba majina mengi ya filamu hizi hayahitaji mkalimani: malaika, rehema, yatima, risasi. Yako mengine mbele.

Walioanza kumtoa katika mkondo huo ni waongozaji vijana. Mwaka 1950 Youssef Chahine, ambaye ndiyo kwanza alikuwa ametoka masomoni Marekani, alimpa nafasi katika filamu yake ya kwanza, Baba Amin. Mwaka uliofuata wakatengeneza Ibn al-Nil (Mwana wa Nile), iliyopelekwa kwenye tamasha la Cannes nchini Ufaransa. Kwa upande wa maisha ya nyumbani, mwaka 1947 Hamama alikuwa ameolewa na mwongozaji Ezzeldin Zulficar. Walianzisha kampuni yao ya kutayarisha filamu na wakapata binti, Nadia. Ndoa ilivunjika mwaka 1954, lakini waliendelea kufanya kazi pamoja, na baadhi ya filamu zao nzuri, kama Bain al-Atlal (Kati ya Magofu) ya mwaka 1959, zilitengenezwa baada ya talaka.

Omar Sharif

Mwaka 1954 Chahine alikuwa akiandaa Sira' fi al-Wadi (Mapambano Bondeni), kisa cha wakulima wa miwa wanaohujumiwa na bwana mkubwa wa eneo lao. Binti wa bwana huyo, anayeigizwa na Hamama, anampenda mhandisi kijana wa kilimo aliye upande wa wakulima. Ilikuwa miaka miwili tu baada ya mapinduzi ya Julai 1952 yaliyomwondoa Mfalme Farouk, na mabwana wa ardhi walikuwa wakinyang'anywa sehemu ya mashamba yao. Filamu ilikuwa ya wakati wake kweli.

Nafasi ya kijana alipewa mgeni katika fani, Michel Chalhoub, kutoka familia ya Kikristo ya Iskandaria. Alijipa jina la Omar Sharif. Hamama alikuwa na msimamo wa kukataa kupigana busu katika filamu. Katika hii alikubali, na magazeti hayakunyamaza. Sharif alisilimu, wakaoana mwaka 1955, wakapata mtoto wa kiume, Tarek. Walionekana pamoja katika filamu kadhaa, zikiwemo Ayyamuna al-Hulwa (Siku Zetu Tamu) ya mwaka 1955 na Nahr al-Hubb (Mto wa Mapenzi) ya mwaka 1960, ambayo ni riwaya ya Anna Karenina ya Tolstoy iliyohamishiwa Misri.

Baada ya filamu ya Lawrence of Arabia ya mwaka 1962 Sharif akawa nyota wa dunia na maisha yake yakahamia Ulaya na Marekani. Hamama alijaribu kidogo tu upande huo: mwaka 1963 alionekana katika filamu ya Kiingereza iitwayo Cairo, pamoja na George Sanders. Walitengana, na talaka rasmi ikatoka mwaka 1974. Makala nyingi za lugha za Ulaya humtambulisha Hamama kama mke wa zamani wa Omar Sharif. Ukweli ni kwamba walipokutana, Hamama alikuwa na filamu nyingi nyuma yake na jina linalojulikana nchi zote za Kiarabu, na Sharif hakuwa na hata moja.

Chekeamwezi na haramu

Kabla ya miaka ya 1950 kumalizika Hamama alikuwa na uwezo wa kuchagua kazi. Mwaka 1957 aliwashtua mashabiki katika La Anam (Silali), iliyoongozwa na Salah Abu Seif kutokana na riwaya ya Ihsan Abdel Quddous. Humo yeye ni binti mwenye wivu anayeivunja ndoa ya baba yake kwa uongo. Malaika wa rehema akawa shetani, na watu walilipa kiingilio kumwona.

Hata hivyo filamu mbili zinazotajwa zaidi na wahakiki ni kazi za mwongozaji Henry Barakat, na zote mbili zinahusu wanawake wa vijijini.

Ya kwanza ni Du'a al-Karawan ya mwaka 1959, kutokana na riwaya ya Taha Hussein iliyochapishwa mwaka 1934. Karawan ni ndege wa jamii ya chekeamwezi, yule anayelia usiku. Kwa hiyo jina laweza kutafsiriwa kuwa Dua ya Chekeamwezi. Amna na dada yake Hanadi wanafukuzwa kijijini pamoja na mama yao kwa aibu iliyoletwa na baba. Mjini wanatafuta kazi za ndani. Hanadi anaharibiwa na mhandisi anayemtumikia, na mjomba wao anakuja kumuua ili kusafisha jina la ukoo. Amna anaapa kulipiza, anaingia kazini katika nyumba ileile ya mhandisi, na taratibu anajikuta amempenda mtu aliyekuja kumwangamiza.

Nguvu ya Hamama katika filamu hii iko katika mambo madogo. Amna hasemi sana. Anafagia, anapokea sinia, anasimama mlangoni, na mtazamaji anaona chuki ikipungua nguvu usoni mwake bila yeye kutaka. Yule mwigizaji wa vilio vya miaka ya 1940 hapa analia mara chache, na kila chozi lina sababu. Filamu ilishindanishwa katika tamasha la Berlin mwaka 1960. Mwisho wake unatofautiana na wa riwaya: katika filamu risasi ya mjomba inampata mhandisi. Kwa maoni ya wengi, riwaya inamwacha msomaji na swali gumu zaidi, ilhali filamu ilihitaji mtu aadhibiwe.

Ya pili ni al-Haram (Haramu) ya mwaka 1965, kutokana na riwaya ya Yusuf Idris. Aziza ni mmoja wa tarahil, vibarua wa msimu waliosombwa kutoka vijiji vya mbali kwenda kufanya kazi katika mashamba makubwa ya pamba. Tanzania ilikuwa na watu wa aina hiyo: ni manamba, waliochukuliwa kutoka Ufipa, Buha na sehemu nyingine za magharibi kwenda kwenye mashamba ya mkonge ya Tanga. Kama manamba, tarahil waliishi kando ya wenyeji, wakidharauliwa hata na wakulima maskini kama wao.

Mume wa Aziza ni mgonjwa kitandani, na anatamani kiazi kitamu. Aziza anakwenda kuchimba kimoja katika shamba la watu. Mtoto wa mwenye shamba anamkuta, na anambaka. Mimba inaingia. Aziza anaifunga tumbo kwa kitambaa ili asikose kazi, anajifungua peke yake mashambani, na katika kuziba mdomo wa kichanga asisikike, kinakufa mikononi mwake. Filamu inaanza na maiti ya kichanga kuokotwa na msimamizi kumsaka mama yake, hivyo mtazamaji anaianza hadithi pamoja na wanaohukumu, kisha anarudishwa nyuma kuona kilichotokea. Neno haramu linabaki katika jina bila kuelezwa ni la nani: la mwanamke aliyeficha mimba, la kijana aliyembaka, au la utaratibu uliomfanya mtu aibe kiazi kwa ajili ya mumewe. Filamu ilishindanishwa Cannes mwaka huohuo wa 1965.

Kati ya hizo mbili ipo al-Bab al-Maftuh (Mlango Uliofunguliwa) ya mwaka 1963, kutokana na riwaya ya mwandishi mwanamke, Latifa al-Zayyat. Binti wa familia ya mjini anajifunza kumpinga baba na mchumba aliyechaguliwa, huku nchi ikipambana na Waingereza. Inafaa kutazamwa na anayesoma historia ya mgogoro wa Suez wa mwaka 1956.

Kuondoka Misri, 1966–1971

Serikali ya Rais Gamal Abdel Nasser ilimheshimu Hamama na kumpa nishani. Serikali hiyohiyo ilikuwa na idara ya usalama iliyojiingiza hata katika maisha ya wasanii. Hamama alieleza baadaye kwamba watu wa idara hiyo walimsumbua na kumzuia kusafiri. Mwaka 1966 aliondoka nchini, akaishi Beirut na London.

Nasser aliwatuma waandishi na marafiki kumshawishi arudi, na inasemekana alimwita hazina ya taifa. Hakurudi. Baada ya kushindwa vita vya Juni 1967, mkuu wa idara hiyo, Salah Nasr, alikamatwa, akashitakiwa na kufungwa, na mengi yaliyokuwa yakinong'onwa yakasemwa hadharani. Hamama alirejea mwaka 1971, Nasser akiwa ameshafariki Septemba 1970.

Kwa mwigizaji wa kike kukaa mbali miaka mitano kati ya umri wa miaka 35 na 40 ni sawa na kufunga duka. Alipoteza miaka ambayo kwa kawaida ndiyo bora kwa mtu wa fani yake.

Nataka Suluhisho

Aliporudi alichagua kazi chache, na karibu zote zilikuwa na jambo la kusema. Mwaka 1972 aliigiza katika Imbraturiyat Mim (Dola la M), iliyoongozwa na Hussein Kamal: mama mjane ana watoto sita, majina yao yote yakianza na herufi M, nao wanataka nyumba iendeshwe kwa kura. Mama anagombea uongozi wa nyumba yake mwenyewe. Ni filamu ya kuchekesha, lakini ilitoka katika nchi ambayo kura za kweli zilikuwa adimu, na watazamaji walielewa.

Kisha ikaja Uridu Hallan (Nataka Suluhisho) ya mwaka 1975, iliyoongozwa na Said Marzouk na kutungwa na mwandishi wa habari Hosn Shah. Doria, mke wa balozi, ameishi na mume katili kwa miaka mingi. Anaomba talaka, mume anakataa. Anakwenda mahakamani. Sheria za Misri za mwaka 1920 na 1929 zilimruhusu mke kuomba talaka kwa sababu maalumu, kama vile madhara, lakini alitakiwa kuyathibitisha kwa mashahidi, na ni nani anayeshuhudia yanayotendeka chumbani? Mume yeye alihitaji kutamka tu. Doria anapanda na kushuka ngazi za mahakama mwaka baada ya mwaka. Mume analeta mashahidi wa uongo. Mwishoni kesi inatupwa. Kwenye mabenchi ya kungojea anakutana na wanawake wengine, akiwemo mzee aliyeachwa baada ya ndoa ndefu bila njia ya kuishi, nafasi iliyochezwa na Amina Rizk, ambaye mwaka 1959 alikuwa mama wa Amna.

Chaguo la kumfanya Doria kuwa mke wa balozi lilikosolewa na baadhi ya watu: mbona shida za wanawake maskini zinasimuliwa kupitia bibi mwenye gari? Lakini hoja ya filamu inapata nguvu hapo. Ikiwa mwenye elimu, fedha na wakili anashindwa, wale wa mabenchini wana tumaini gani?

Tanzania ilikuwa imeshapita njia tofauti. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 ilimruhusu mke, sawa na mume, kuomba talaka mahakamani kwa hoja kwamba ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebishika, baada ya shauri kupita katika baraza la usuluhishi wa ndoa. Kwa msomaji wa hapa, kwa hiyo, safari ya Doria inaonyesha hali ilivyokuwa pale ambapo mlango huo haukuwepo.

Mara nyingi huandikwa kwamba filamu hii ilibadilisha sheria za Misri. Usemi huo unahitaji tahadhari. Wanawake wa Misri walikuwa wakidai mageuzi tangu Huda Sha'arawi alipoanzisha umoja wao mwaka 1923. Mwaka 1979 Rais Anwar Sadat alitoa sheria iliyowaongezea wake haki. Mwaka 1985 mahakama ya katiba iliifuta kwa sababu za utaratibu, na bunge likapitisha nyingine mwaka huohuo. Haki ya khului, yaani mke kujivua katika ndoa kwa kurudisha mahari na kuacha madai yake ya fedha, bila kulazimika kuthibitisha madhara, iliwekwa na Sheria Namba 1 ya mwaka 2000, robo karne baada ya filamu. Uridu Hallan haikuandika vifungu hivyo. Ilichofanya ni kuyatoa mazungumzo ya mahakamani na kuyapeleka sebuleni, ikiwa na uso ambao taifa zima lilikuwa likiupenda tangu utotoni. Ni vigumu kumwita mwanamke mkorofi ikiwa mwanamke huyo ni Faten Hamama.

Miaka miwili baadaye aligeukia suala la uzazi katika Afwah wa Aranib (Vinywa na Sungura) ya mwaka 1977, ya Barakat. Dada wa mhusika mkuu ana watoto wengi kuliko chakula kilichopo, na shemeji mlevi anapanga kumwoza shemejiye kwa tajiri bila yeye kujua. Ilipendwa sana na watu wa kawaida, pengine kuliko filamu zake nyingine za wakati huo.

Filamu za mwisho

Katika Yawm Murr, Yawm Hulw (Siku Chungu, Siku Tamu) ya mwaka 1988, mwongozaji Khairy Beshara alimvika khanga za mjane wa mtaa wa Shubra, kama tungesema hapa, anayehangaika na madeni na watoto. Filamu yake ya mwisho ni Ard al-Ahlam (Ardhi ya Ndoto) ya mwaka 1993, ya Daoud Abdel Sayed. Nargis, mwanamke wa makamo, anashinikizwa na watoto wake ahamie Marekani. Usiku wa mkesha wa mwaka mpya, kabla ya safari, anapoteza pasipoti, na anazunguka Kairo akiitafuta pamoja na mfanya mazingaombwe anayeigizwa na Yehia El-Fakharany. Kadiri usiku unavyokwenda anatambua kuwa hakuna aliyewahi kumuuliza kama anataka kwenda.

Televisheni

Televisheni ya Misri ilianza mwaka 1960, na kufikia miaka ya 1980 tamthilia zake zilikuwa zimechukua watazamaji wa sinema, hasa usiku wa mwezi wa Ramadhani. Nyota wengi wa filamu waliidharau. Hamama aliingia mwaka 1991 kwa Damir Abla Hikmat, iliyotungwa na Osama Anwar Okasha na kuongozwa na mwanamke, Inam Mohammed Ali. Damir ni dhamiri. Abla ni namna Wamisri wanavyomwita mwalimu wa kike. Hikmat ni jina linalotokana na hekima. Yeye ni mkuu wa shule ya sekondari ya wasichana ambaye hayuko tayari kupindisha kanuni kwa ajili ya mtu yeyote.

Mtu yeyote aliyewahi kusimamia shule anajua vita hivyo havina risasi wala mto wa damu. Vinapiganwa ofisini, kwa barua, kwa simu kutoka juu, kwa mzazi mwenye cheo anayekuja kuomba jambo dogo. Hamama aliigiza hayo kwa utulivu uliomfanya Abla Hikmat kuwa jina la mfano wa mwalimu mwadilifu nchini Misri. Watazamaji wa Tanzania Bara hawakuweza kuiona wakati huo, kwa kuwa vituo vya televisheni vilianza huku mwaka 1994 tu. Zanzibar ilikuwa na televisheni tangu miaka ya 1970.

Kazi yake ya mwisho ilikuwa tamthilia ya Wajh al-Qamar (Uso wa Mwezi), iliyoonyeshwa Ramadhani ya mwaka 2000, akiwa na umri wa miaka 69.

Heshima na kifo

Mwaka 1996, Misri ilipoadhimisha miaka mia moja ya sinema yake, Hamama alichaguliwa kuwa mwigizaji wa kike muhimu kuliko wote, na filamu zake 18 ziliingia katika orodha ya filamu 150 bora. Chuo Kikuu cha Marekani cha Kairo kilimpa shahada ya heshima ya udaktari mwaka 1999, na Chuo Kikuu cha Marekani cha Beirut mwaka 2013.

Tangu mwaka 1975 alikuwa ameolewa na daktari aitwaye Mohamed Abdel Wahab. Si yule mwimbaji wa filamu yake ya kwanza. Ni majina yaliyogongana tu. Waliishi pamoja hadi mwisho, mbali na magazeti.

Alifariki Kairo tarehe 17 Januari 2015, akiwa na umri wa miaka 83. Aliswaliwa katika msikiti wa al-Husari, katika mji wa 6 Oktoba, ambako umati ulikuwa mkubwa kiasi kwamba jeneza lilipata shida kupita. Omar Sharif alifariki tarehe 10 Julai mwaka huohuo.